Nilivyoliosha Paa la Gari la Marehemu

Kwa aliyenikuta leo, mambo yangu yalikuwa yamefika hapa. Operesheni ya vijiji ilituhamisha kutoka ziwani, ikatupanga kwenye kijiji cha ujamaa nyuma ya Nyegina. Mtumbwi wangu ulibaki ufukweni, ukaibiwa. Nikamwacha mke wangu Ursula anauza samaki, nikaenda Bunda kutafuta kibarua. Nikaajiriwa na Thadeo, katibu wa chama cha ushirika cha wakulima wa pamba, nimtunzie gari lake.

Niliishia pale nilipofungua mlango wa gari hilo kando ya barabara, karibu na Kiabakari. Thadeo alikuwa ameketi, mikono kwenye usukani, macho mbele. Amekufa.

Hakuwa na jeraha. Daktari alisema ni moyo. Leo nasema kilichofuata, na anayependa kulala vizuri aruke ukurasa huu asome habari za mpira.

Kwanza mlijue gari. Lilikuwa na paa la kitambaa kizito cheusi, la kukunja. Thadeo alilinunua kwa mfanyabiashara mmoja wa Musoma aliyefunga duka na kuondoka nchini majumba yalipotaifishwa. Pale stendi ya Bunda walimcheka.

"Ndugu Katibu, hata paa nalo limetaifishwa?"

"Lipo," alijibu. "Limekunjwa tu. Siku likitaifishwa nitawaita mje mgawane."

Ukweli ni kwamba alilikunja mara chache sana, kwa sababu ya vumbi. Na alikuwa mrefu kupita kiasi. Paa likifungwa, kichwa chake kiligusa kitambaa, na kwa nje ungeona kinundu kidogo kimeinuka juu ya kiti cha dereva. Kinundu hicho kilikuwa kinasafiri naye kutoka Bunda hadi Musoma. Watoto wa shule walikipungia mkono.

Tulimzika kwao, kijiji kimoja karibu na Butiama. Gari nililifikisha mimi. Nililiegesha kando ya ghala la pamba la familia, nikalifunga, nikampa mjane wake funguo. Jina lake Skolastika.

Hakuna aliyeniambia niondoke, hakuna aliyeniambia nibaki. Nikabaki.

Gari lilikaa pale. Watu walikuja kuhani, wakalipita mbali. Mbuzi walilala chini ya kila kitu chenye kivuli katika ua ule, lakini si chini ya gari. Njiwa peke yao ndio walikuwa hawaogopi. Walitua juu ya paa asubuhi hadi jioni, wakalichafua likawa kama limemwagiwa chokaa.

Asubuhi moja Skolastika aliniita jikoni kwake. Alikuwa na kanga nyeusi, macho makavu.

"Enoka, umeliona paa?"

"Nimeliona, Mama Gati."

"Mavi ya ndege yanakula kitambaa. Si ndivyo alivyokuwa anakwambiaga?"

"Ndivyo."

"Angekuwa hai ungeliacha hivyo?"

"Angekuwa hai asingeniacha mimi."

Alitabasamu kidogo, halafu akaacha. "Basi lioshe."

"Mzee Wanzagi anajua?" Wanzagi alikuwa baba mkubwa wa Thadeo, ndiye aliyekuwa na neno la mwisho katika ukoo.

"Gari ni kazi yako au ya Mzee Wanzagi? Tangu lini unaomba ruhusa ya kufanya kazi yako?"

Palikuwa na mama mmoja anapepeta ulezi pale mlangoni. Ungo ukasimama hewani. Akaniangalia, akamwangalia Skolastika, akaendelea kupepeta. Ningekuwa mtu wa pale ningeelewa ule ungo uliosimama. Mimi ni mtu wa ziwani.

Nikachukua funguo.

Paa la kitambaa halioshwi kama bati. Thadeo alinifundisha kwa matusi. Mtu aliyekuwa kabla yangu alilitoa lami kwa petroli, akatoboa kona. Akafukuzwa siku hiyo hiyo, tena kwa miguu kutoka Bunda. Kwa hiyo mimi nilishika kila neno.

Nilisukuma gari likakaa kwenye kivuli cha ghala. Kwenye jua kali sabuni inakauka kabla hujaifikia. Nikahakikisha vioo vimepandishwa na vifungo vya paa vimebana. Nikalipiga burashi laini ya nguo likiwa bado kavu, kufuata uzi, kutoka mbele kwenda nyuma. Vumbi likilowa kabla halijatoka, linaingia kwenye kitambaa na halitoki tena.

Yale mavi ya njiwa sikuyakwangua. Niliyawekea matambara yaliyolowa maji ya uvuguvugu, nikasubiri yalainike, nikayainua kwa vidole.

Halafu nikachukua kopo, nikawa namimina maji taratibu na kupaka sabuni, kipande kwa kipande. Simwagi kwa ndoo. Ukimwaga kwa ndoo unayapeleka maji kwenye mishono.

Hapo ndipo kinundu kilipoinuka.

Nasema nilichokiona. Kitambaa kilikuwa kimetulia, kimenyooka. Maji yalipokigusa juu ya kiti cha dereva, kikajaa kwa chini, polepole, kama mtu ameketi ndani akanyoosha mgongo.

Niliweka kopo chini. Nikainama, nikachungulia dirishani. Kiti kitupu. Usukani. Kofia yake juu ya dashibodi, palepale alipoiacha.

Nikarudi juu. Kinundu kipo.

Nikaweka kiganja. Sikuweka kwa ujasiri, niliweka kwa sababu nilitaka kujiambia ni upepo. Upepo unabonyea. Kile hakikubonyea. Na kitambaa kingine chote kilikuwa na baridi ya maji, pale palikuwa na joto.

Mngekimbia. Mimi pia nilitaka kukimbia. Lakini nilikuwa nimekwisha kupaka sabuni nusu ya paa, sabuni ya mche niliyoikwangua na kuiyeyusha, maana ya unga inakula rangi. Sabuni ikikaukia humo kitambaa kinakuwa kigumu kama ngozi ya ngoma, kisha kinapasuka. Nikaisikia sauti yake kichwani, vilevile alivyokuwa ananisemesha. *Usisugue, mpumbavu wewe. Pangusa. Unapangusa mtoto.*

Nikapangusa. Sifongo ikazunguka kile kinundu kama unavyozunguka kichwa cha mtoto unapomwogesha. Midomo yangu ilikuwa inasema Baba Yetu na mikono inafanya kazi.

Nikasuuza hadi maji yakashuka meupe bila povu. Kioo cha nyuma, kile cha plastiki, nikakiosha kwa mkono mtupu, kwa sababu hata kitambaa laini kikiwa na punje ya mchanga kinakikwaruza. Paa nikaliacha limefungwa likauke. Likikunjwa na maji, linaoza.

Nilipofungua mlango kupangusa ndani, kiti cha dereva kilikuwa kimelowa. Cha abiria kikavu, sakafu kavu, mishono yote mizima. Kiti cha dereva tu, na mgongo wake.

Nikaufunga mlango. Niligeuka, nikamkuta Magesa amesimama nyuma yangu.

Magesa ni mdogo wake Thadeo, tumbo moja. Mtu wa Bunda, wa viatu vya ngozi. Tangu tuzike alikuwa anatembea ndani ya ua ule kama mtu anayepima kiwanja.

"Nani amelimwagia maji hili?"

"Mimi, mzee."

"Limelowa lote?"

"Limeoshwa lote."

Alicheka kwanza. Halafu akaacha kucheka, kwa sababu Mzee Wanzagi alikuwa amekuja na mkongojo wake. Hakuniangalia mimi, aliangalia paa. Aliliangalia pale juu ya kiti cha dereva kwa muda mrefu.

"Enoka," akasema. "Mikono yako hiyo ndiyo iliyoosha?"

"Ndiyo, baba."

"Peke yako?"

"Peke yangu."

"Kaa chini."

Akanieleza, wala hakugomba. Katika ukoo wao, mtu akifa nguo zake hazifuliwi. Zinafungwa na jasho lake hadi siku ya kuondoa matanga. Siku hiyo wazee wanamchagua mtu, anazifua mbele ya wote. Aliyezifua, hata kama si aliyechaguliwa, ndiye anayesimama mahali pa marehemu. Mke ni wake, watoto ni wake, ng'ombe ni wake.

"Na mtu waliyekuwa wamemchagua ni mimi," akasema Magesa. "Kama hujui."

"Lakini mimi sijafua nguo," nikasema. "Nimeosha gari."

"Hapo ndipo tunapotaka kukaa," akasema Wanzagi.

Wakakaa mchana uleule, wanaume wa ukoo kwenye magogo mbele ya ghala, wanawake mlangoni kwa Skolastika. Mimi nikakalishwa peke yangu karibu na tairi.

Magesa akaanza. "Wazee, tusichekwe. Gari ni chuma. Tangu lini mtu akavaa gari?"

"Chuma hakijaoshwa," akasema mzee mmoja, Keraryo, mwenye jicho moja. "Kilichooshwa ni kitambaa. Tazama milango ina vumbi."

Kweli, milangoni sikuwa nimefika.

"Kitambaa cha kuzuia mvua," Magesa akasema. "Hata turubai la lori ni kitambaa. Lori la chama likimbeba mtu akafa, tutafua turubai?"

Watu wakacheka.

"Turubai halikugusi," Keraryo akajibu. "Hili alilivaa kichwani kila siku. Wewe mwenyewe ulikuwa unamtania, kwamba kaka yako anavaa kofia ya magurudumu."

Wakacheka zaidi, Magesa hakucheka.

"Lina vifungo," mwingine akasema. "Nimeviona. Lina pindo."

"Na mfuko una vifungo na pindo, ni nguo?" Magesa akafoka. "Mnachezea urithi wa watu. Huyu ni mtu wa ziwani, hana hata jina la ukoo wetu."

Wanzagi akainua mkongojo, wakanyamaza. Akaniuliza mimi. "Ile kona iliyotobolewa na petroli. Thadeo aliitengeneza wapi?"

"Bunda, baba."

"Gereji?"

Nilijua jibu, na niliona linakokwenda. "Hapana. Gereji walishindwa. Aliipeleka kwa fundi cherehani pale sokoni, akaishona kwa mashine."

"Fundi anayeshona nini?"

"Suruali, baba. Na magauni."

Keraryo akapiga paja lake mara moja kama mtu aliyeua mbu.

"Kinachoshonwa na fundi wa suruali, kina vifungo, kina pindo, mtu anakivaa kichwani na amefia ndani yake," akasema Wanzagi. "Mimi sina jina lingine la kukipa. Kuhusu ugeni wake, babu yetu wa tatu naye aliletwa na maji, hakuna anayejua alitoka wapi. Alifua, akasimama. Sisi wote ni watoto wake. Ngoja tuzungumze pembeni."

Wakasogea nyuma ya ghala. Nikainuka, nikaenda jikoni. Skolastika alikuwa ameshika kuni bila kuitia motoni.

"Ulijua," nikamwambia.

"Nilijua."

"Kwa nini mimi, Mama Gati? Nimekukosea nini?"

"Magesa alishapokea maneno kutoka kwa watu wa Tarime," akasema. "Gati, binti yangu, anaozwa kabla ya mvua. Mtoto yuko darasa la sita. Mimi naingia nyumba ya Magesa, yeye anaenda kwa mzee mwenye meno mawili. Ungefanya nini?"

"Ningetafuta mtu mwingine."

"Wote ni ndugu zake. Na wewe una mke unayempenda, nimekusikia unavyomtajaga. Mtu wa namna hiyo hatanigusa. Utasimama kwa jina tu. Gati atasoma."

"Na nikisema ni wewe uliyenituma?"

"Mjane akitoa nguo ifuliwe kabla ya siku, anarudishwa kwao mikono mitupu. Watoto wanabaki." Akaitia kuni motoni. "Kwa Magesa. Sema utakavyo, Enoka. Siwezi kukushika ulimi."

Nilirudi kukaa karibu na tairi. Sikuangalia juu ya paa. Najua kulikuwa na kitu kinaniangalia kutoka ndani ya gari, kwa sababu nywele za shingo zilikuwa zimesimama na sikuwa na baridi.

Wazee walirudi. Wanzagi akabaki wima.

"Imebaki moja. Enoka, kuna mtu alikutuma, au ulijituma?"

Kabla sijafungua mdomo, lori la pamba likasimama barabarani. Akashuka mwanamke na beseni kichwani. Nilimjua kwa mwendo. Ursula wangu, na samaki wa kuhani.

Hatukuwa tumeonana tangu kabla ya msiba. Aliingia uani, akapiga magoti kwa wazee, akamshika mkono Skolastika, akalia kidogo kama inavyostahili. Akaniona nimekaa peke yangu chini.

"Mbona ameketishwa kama mwizi wa kuku?"

Wanawake wakamweleza. Walimweleza kwa sauti ya chini, lakini niliona kila neno likimfika usoni. Beseni akalitua.

"Wazee wangu," akasema, "mimi ni mgeni, mila zenu sizijui. Nilifunga ndoa na huyu misheni Nyegina. Naomba nimuulize mimi."

Wanzagi akatikisa kichwa kukubali.

Ursula akaja mbele yangu. Alikuwa ananuka moshi wa samaki, harufu ya nyumbani kwangu. "Enoka. Uliambiwa, au ulijituma?"

Nimewahi kumdanganya Ursula mambo madogo, na yote aliyakamata. Yule mama hadanganyiki. Ningemwambia kweli, ningeondoka naye jioni ile tukapanda lori na haya yote yangebaki Butiama.

Mlangoni, nyuma ya mama yake, Gati alikuwa amesimama na sketi ya shule. Hakuwa analia. Alikuwa ananiangalia mdomo.

"Nilijituma," nikasema.

Ursula hakusogea. Alijua nimedanganya, na alijua nimemdanganya yeye mbele za watu, kwa ajili ya nyumba ya mwanamke mwingine.

"Sawa," akasema. "Kwa hiyo huyu sasa ni Thadeo."

"Anasimama mahali pake," Wanzagi akasema.

"Na mahali pa Enoka amesimama nani?"

Akanigeukia.

"Vua shati," akaniambia.

"Ursula."

"Vua."

Nikavua. Akalichukua kwa vidole viwili, akalitandaza chini mbele ya magogo ya wazee, kola juu, mikono pembeni, kama mtu amelala.

"Basi na mimi nimefiwa," akasema. "Hii ndiyo nguo ya mume wangu. Ina jasho lake. Nani anaifua?"

Namjua mke wangu. Alikuwa anawatia aibu. Alitaka waone upuuzi wao kwa macho yao, wacheke, mmoja aseme mama, okota shati la mume wako muende nyumbani. Alisimama mikono kiunoni akilisubiri neno hilo. Keraryo alikuwa ameshaanza kutabasamu.

Magesa akainuka.

Alikuja polepole na viatu vyake vya ngozi. Akainama, akaokota shati langu, akalikung'uta vumbi kwa uangalifu, akaliweka mkononi.

"Mimi," akasema. "Sabuni iliyobaki iko wapi?"

Mikono ya Ursula ikashuka kutoka kiunoni. Wote tukamgeukia Mzee Wanzagi, tukisubiri aseme hapana. Mzee aliangalia shati, akaniangalia mimi kifua wazi, akamwangalia mke wangu.

"Swali liliulizwa mbele ya wazee," akasema. "Mpeni maji."